Wahesabuni na Wapangaji: Barua ya Wazi Kuhusu Buguruni

Kwa Mstahiki Meya, Mkurugenzi wa Jiji na Waheshimiwa Madiwani,
Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam.

Sensa ya Agosti 2022 iliukuta Mkoa wa Dar es Salaam una watu 5,383,728. Ni wengi, lakini ndani ya hesabu hiyo kuna jambo ambalo jiji halikulizoea. Kati ya 2002 na 2012 mkoa ulikua kwa asilimia 5.6 kwa mwaka. Miaka kumi iliyofuata kasi ilishuka hadi asilimia 2.1, chini hata ya wastani wa nchi nzima, asilimia 3.2. Jirani hapo, Mkoa wa Pwani ulitoka watu 1,098,668 ukafika 2,024,947. Dar es Salaam imemwagikia Kibaha, Mkuranga na Bagamoyo, na wengi waliokuwa wakihesabiwa Ilala au Temeke wameshaingia kwenye madaftari ya mkoa mwingine.

Watu hawajaacha kuja mjini. Wanakuja, wanatua mahali, wanajipanga, kisha wanasogea pembeni kutafuta kiwanja. Mahali hapo pa kutua ndipo barua hii inapotaka kuwapeleka: Buguruni, kata iliyo chini yenu tangu Ilala ilipopandishwa hadhi kuwa jiji Februari 2021, kama kilomita tano kutoka Posta na mwendo wa miguu kutoka Kariakoo. Sensa ya 2002 iliwakuta hapo watu wapatao 67,000. Ya 2012 iliwakuta wapatao 70,600. Katika muongo ambao jiji lilitoka watu milioni 2.5 likapita milioni 4.3, Buguruni iliongeza watu elfu tatu na ushei tu. Anayezisoma takwimu hizo mezani ataona kata iliyodumaa. Anayeshinda kwenye mitaa yake ya Malapa au Madenge ataona mambo tofauti: vyumba ni vilevile, vimejaa vilevile, ila waliomo kila baada ya miaka michache ni wengine.

Ombi la barua hii ni moja, nalo linahusu hao wengine. Mpango wowote utakaoandikwa kwa ajili ya Buguruni, uwe wa barabara, wa mifereji, wa maghorofa au wa hati, uanze kwa kumhesabu mpangaji.

Si ombi la huruma. Jiji hili limejengwa na watu waliokuja kupanga. Sultani Majid wa Zanzibar alipoanza kujenga karibu na kijiji cha Mzizima katika miaka ya 1860, alileta watu na kazi mahali ambapo Wazaramo na Washomvi walikuwa wakivua na kulima. Wajerumani wakahamishia hapo makao makuu kutoka Bagamoyo mwaka 1891. Reli ya kati ilianza kujengwa 1905 ikafika Kigoma 1914, na kila kituo cha reli hiyo kikawa mlango wa kuingilia mjini: Wanyamwezi, Wamanyema, Waluguru, Wagogo. Waingereza walipoichukua Dar es Salaam 1916 waliigawa kwa rangi. Uzunguni ulikaa kando ya bahari, Uhindini ukashika maduka, na Waafrika wakawekwa ng'ambo ya Mnazi Mmoja, Kariakoo, palipokuwa na kambi ya wapagazi wa vita. Uwanja wa wazi wa Mnazi Mmoja uliachwa makusudi ili kuwatenganisha.

Kariakoo ikajaa mapema. Ilala ikapimwa, nayo ikajaa. Kibarua wa bandari au wa reli aliyekosa chumba alitoka nje ya mji wa ramani na kwenda kwa Wazaramo wenye minazi na mihogo, na Buguruni ilikuwa mojawapo ya vijiji hivyo vya jirani. Mwenye shamba alimpa mgeni pembe ya kujenga kibanda, au alijenga mwenyewe akapangisha. Hakuna afisa aliyepanga jambo hilo. Kijiji kiligeuka mtaa kwa makubaliano ya mwenyeji na mgeni, nyumba moja baada ya nyingine, mpaka mji ukakizunguka. Ndiyo maana hadi leo vichochoro vya Buguruni vinapinda kama njia za shambani: ni njia za shambani kweli.

Serikali zote zilizopita hapa zilijaribu kuwarudisha wageni walikotoka. Wakoloni, tangu miaka ya 1920, walitunga sheria za kuwaondoa mjini watu wasio na kazi, wakawaita wahuni, wakawapandisha treni. Mwaka 1957 mji ulikuwa na watu 128,742. Baada ya Uhuru serikali ya wananchi ilikuwa na sababu nzuri zaidi, kilimo na ujamaa, lakini dawa ilikuwa ileile. Sensa ya 1967 ilihesabu watu wapatao 273,000. Mwaka huohuo lilikuja Azimio la Arusha, kisha vikaja vijiji vya ujamaa, zikaja kampeni za kuwakamata wazururaji na kuwapeleka mashambani, na sensa ya 1978 ikahesabu 843,090 katika mkoa mzima. Mji ulikuwa umeongezeka zaidi ya mara mbili katika miaka ambayo dola ilikuwa na nguvu kuliko wakati wowote ya kumwambia mtu akae wapi.

Mwaka 1983 ikaja Sheria ya Nguvukazi. Vijana walikamatwa mitaani, wakadaiwa vitambulisho vya kazi, waliokosa wakapakiwa kwenye malori. Mwaka huohuo serikali ikaruhusu mabasi ya watu binafsi kubeba abiria, kwa kuwa UDA, shirika la mabasi la umma, ilikuwa imezidiwa. Daladala zilihitaji makondakta, wapiga debe, mafundi, waosha magari na mama wa kuwapikia wote hao, yaani watu walewale ambao malori ya Nguvukazi yalikuwa yakiwatafuta. Mkono mmoja ulifukuza na mwingine ukaita.

Kilichokuwa kikiendelea majumbani wakati huo kimeandikwa vizuri, na Buguruni imo. Mwishoni mwa miaka ya 1980 Aili Mari Tripp, mwanazuoni wa siasa kutoka Marekani, alifanya utafiti wake Manzese na Buguruni, akiwauliza watu wanaishije wakati thamani ya mshahara imeporomoka. Kitabu chake kilitoka 1997. Alikuta kwamba mshahara wa ofisini au kiwandani ulikuwa umebaki kipande kidogo tu cha kipato cha kaya. Sehemu kubwa sana ilitoka kwenye miradi midogo, vitumbua, kuku, cherehani, useremala, biashara ya mkaa. Hoja yake kubwa ilikuwa kwamba watu wa mitaa hii, kwa kuendelea tu na shughuli ambazo sheria ilizikataza, ndio walioilazimisha serikali kubadili sheria. Madiwani wanaotaka kujua soko huria liliingiaje Tanzania hawana haja ya kuanzia Washington. Waanzie Buguruni.

Turudi kwa mgeni wa leo. Zamani basi la mkoani lilimshusha Kisutu au Mnazi Mmoja, baadaye Ubungo. Tangu Februari 2021 linamshusha Mbezi Luis, kwenye Kituo cha Magufuli, na anayetoka kusini huishia Mbagala. Lango la mji limesogea mbali, lakini kijana wa Newala au wa Kilosa bado anapigiwa simu na kaka yake kwamba apande gari la kwenda Buguruni, ashuke kituo cha Sheli. Anafikia kwa ndugu. Analala kwenye mkeka, anakula kwa zamu, anatumwa. Baada ya miezi kadhaa yeye na wenzake wawili wanachanga kupata geto lao, na hapo ndipo anapokutana na dalali. Dalali anataka kodi ya mwezi mmoja kuwa malipo yake, mwenye nyumba anataka miezi sita kwa mkupuo, na mkataba, ukiwepo, ni karatasi ya daftari yenye sahihi tatu.

Nyumba yenyewe kila mtu wa Dar anaijua. Mlango wa mbele, ukumbi mrefu katikati, vyumba vitatu huku na vitatu kule, nyuma ua wenye choo, bafu na mabanda mawili matatu yaliyoongezwa baadaye kwa tofali za saruji. Aliyeijenga alitaka ikae familia yake na wapangaji wachache. Sasa kila chumba ni kaya. Jiko la mkaa la huyu linagusana na ndoo za yule, pazia la mlangoni ndilo ukuta wa mchana, na zamu ya kufagia ua imeandikwa kwa chaki. Mita ya LUKU ni moja. Kila chumba huchangia kwa kadiri ya vyombo vyake: mwenye taa na chaji ya simu hutoa kidogo, mwenye friji hutoa zaidi, mwenye pasi hutazamwa kwa jicho la pembeni. Umeme ukikatika katikati ya mechi ya Simba na Yanga, mkutano wa dharura huitishwa ukumbini papo hapo, na hakuna anayekubali kwamba yeye ndiye aliyekuwa na zamu ya kununua.

Mita hiyo ina habari ambayo halmashauri inapaswa kuisikia. Tangu Agosti 2021 kodi ya majengo inakatwa kwenye umeme: shilingi 1,000 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, ikapanda kuwa 1,500 tangu Julai 2023. Kisheria mlipaji ni mwenye nyumba. Katika ukumbi wa Buguruni anayenunua umeme ni mpangaji, na si wengi wanaothubutu kumwambia baba mwenye nyumba awakate kiasi hicho kwenye kodi ya chumba. Hazina imeshampata mpangaji bila hata ya kumtafuta.

Halafu kuna choo. Maji ya ardhini Buguruni hayako mbali, mashimo hujaa upesi, na gari la majitaka haliwezi kupita kichochoro cha mita moja na nusu. Kwa hiyo masika yanapofika, upande wa bondeni kuelekea Mto Msimbazi, watu hutapisha vyoo: shimo hutobolewa wakati mvua imepamba moto ili uchafu uende na maji. Kila afisa afya anajua, na kila mkazi wa bondeni anajua uchafu huo unapoishia. Choo cha nyumba kama hiyo kilichimbwa kwa ajili ya watu kumi na sasa kinatumiwa na mara mbili ya hao, lakini kwenye karatasi za mradi kinahesabiwa kuwa ni choo kimoja cha nyumba moja.

Kwa nini basi mtu alipie maisha hayo? Kwa sababu ya miguu yake. Kuli wa Kariakoo, mbeba mizigo wa soko la Ilala, mama lishe anayetakiwa awe na chai ya kwanza kabla ya alfajiri, wote hao wanatoka Buguruni kwa miguu saa ambazo daladala hakuna au nauli yake ingekula faida. Mpeleke mtu huyo Chanika, zaidi ya kilomita 25 kutoka mjini, atapata chumba kikubwa na hewa safi, na atapoteza kazi. Soko la Buguruni lenyewe linaishi kwa hesabu hiyohiyo. Lori la machungwa kutoka Muheza haliingii sokoni kwa kubahatisha. Kuna mtu wa kwao hapa mjini aliyepiga simu, anayejua bei ya jana, aliye na vijana wa kushusha na mahali pa kulaza mzigo. Ndizi zina Mabibo, nafaka zina Tandale, kabichi na nyanya zina Temeke Stereo. Ukiuliza nyuma ya kila soko utakuta mtu aliyetoka mkoani akafuatwa na jamaa zake. Jiji la watu milioni tano na zaidi linakula kwa sababu ya undugu huo, na chumba cha bei ya chini karibu na soko ndicho kinachouwezesha.

Kariakoo ni hivyohivyo kwa kipimo kikubwa. Mfanyabiashara wa Lubumbashi, wa Lusaka au wa Moroni anakuja kununua hapo, na wafanyabiashara walipofunga maduka Mei 2023 kupinga kero za kodi, Waziri Mkuu alilazimika kukutana nao. Lakini nyuma ya kaunta kuna mlolongo mrefu wa watu wasio na kaunta: wafungashaji, wasukuma guta, wapiga bei, vijana wa kubeba sampuli. Wengi wao jioni wanarudi Buguruni, Vingunguti, Tandika au Manzese. Kariakoo yenyewe haiwezi kuwalaza tena.

Iliwahi kuwalaza. Habari ya Kariakoo inastahili kusomwa polepole na kila anayepanga Buguruni. Nyumba za vyumba sita za Kariakoo zilikaa hapo tangu enzi za ukoloni. Kuanzia miaka ya 1990 ardhi ilipopanda bei, mwekezaji alimfuata mwenye nyumba na mkataba wa ubia: wewe toa kiwanja, mimi natoa fedha, ghorofa likisimama utapata sehemu yako. Baadhi ya wenye nyumba walinufaika sana, na haki yao. Mpangaji alipata notisi. Palipokuwa na kaya sita na mabanda ya uani pakasimama ghorofa la maduka, stoo na nyumba ambazo kuli hawezi hata kuulizia kodi yake. Hakuna ofisi iliyoandika wale wa vyumba sita walikwenda wapi. Majengo yale nayo yakaja na hatari zake: Novemba 2024 ghorofa liliporomoka Kariakoo na kuua zaidi ya watu 20, na ndipo serikali ikaunda tume ya kukagua maghorofa ya eneo hilo.

Buguruni imekaa mguu sawa kwenye mstari huohuo. Awamu ya tatu ya mabasi yaendayo haraka, zaidi ya kilomita 23, inaunganisha Gongo la Mboto na katikati ya jiji kwa Barabara ya Nyerere na ya Uhuru. Barabara ya Mandela inapita Sheli na malori ya bandarini. Treni ya mjini iliyoanza 2012, ambayo watu waliibatiza jina la Mwakyembe, waziri wa uchukuzi wa wakati huo, ilisimama kwa Mnyamani. Eneo lenye usafiri wa namna hiyo, kilomita tano kutoka Posta, haliwezi kubaki na nyumba za chini milele. Mwekezaji atakuja, na huenda ameshakuja.

Kusema kweli, halmashauri na serikali kuu hazikukaa bure. Dar es Salaam ilikuwa na mipango kabambe ya 1949, 1968 na 1979, yote ikiwa na michoro mizuri iliyopitwa na watu kabla wino haujakauka. Mambo yaliyosaidia zaidi yalikuwa madogo. Kuanzia 2004 zilitolewa leseni za makazi kwa waliojenga bila kupimiwa, chini ya Sheria ya Ardhi ya 1999. Mradi wa kuboresha miundombinu ya makazi holela, uliofadhiliwa na Benki ya Dunia katika miaka hiyohiyo ya 2000, uliingiza Buguruni barabara za lami, mifereji na taa. Watu waliacha kuvua viatu kuvuka mtaa. Mwaka 2022 ikaja operesheni ya anwani za makazi, na nyumba ikapata namba yake mlangoni.

Lakini angalieni kila moja ya mambo hayo lilimtafuta nani. Leseni ilimtafuta mwenye kiwanja. Lami ilipandisha thamani ya kiwanja, na kodi ya chumba ikapanda nayo. Namba ilibandikwa kwenye mlango wa mbele. Vile vyumba sita na mabanda matatu vyote vikawa anwani moja. Hata ulinzi mdogo uliokuwepo umeondoka: sheria ya 1984 ya kudhibiti kodi za nyumba ilifutwa 2005, na tangu hapo mpangaji wa Buguruni analindwa na ile karatasi ya daftari na busara za mjumbe.

Kwenye fidia ndipo pengo linapoonekana waziwazi. Kanuni za 2001 zinampa mwenye eneo linalotwaliwa thamani ya jengo, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, na posho ya makazi inayokokotolewa kwa kodi ya soko ya miezi 36. Kodi hiyo ya soko inajulikana kwa sababu kuna mpangaji aliyekuwa akiilipa. Yeye, kwa kawaida, huambulia kurudishiwa miezi iliyobaki, mwenye nyumba akiwa muungwana. Masharti ya Benki ya Dunia ya kuhamisha watu yanamtambua mpangaji kuwa mwathirika kama wengine, na mradi wa Bonde la Msimbazi, ambao Benki iliuidhinishia dola milioni 200 mwaka 2022, unapita katika bonde hilihili ambalo Buguruni inamwagia maji yake. Ni ajabu kidogo kwamba mtu mmoja anaweza kuwepo mbele ya mkopo na asiwepo mbele ya bajeti ya ndani.

Wapo watakaojibu kwamba mpangaji hahesabiki, leo yupo kesho hayupo. Magomeni Kota inawapinga. Familia 644 zilizoondolewa kwenye kota zile mwanzoni mwa miaka ya 2010 hazikuwa na hati ya ardhi. Zilikuwa za wapangaji, tena wa serikali. Zilitawanyika mjini, zikatunza orodha yao, zikadai mwaka hadi mwaka, na Machi 2022 Rais Samia Suluhu Hassan akazindua maghorofa yaliyojengwa kwa ajili yao. Orodha ndiyo iliyowarudisha.

Nairobi nayo ina somo, lenye utamu na uchungu. Katika Kibera, ambako karibu kila mtu ni mpangaji, mradi wa serikali wa Soweto Mashariki uliwaandikisha wakazi wenyewe, ukawahamishia kwa muda nyumba za Lang'ata mwaka 2009, na wenye vibanda wakakimbilia mahakamani kwa kuwa safari hii haki ilikuwa inampita mwenye mabati. Makazi 822 yalikabidhiwa Julai 2016. Miaka saba ni mingi mno, na baadhi ya waliopewa walipangisha nyumba hizo na kurudi kibandani kwa sababu pesa ilikuwa tamu kuliko vigae. Kasoro hiyo haifuti jambo la kwanza: aliyekuwa akilala mle ndani alijulikana.

Buguruni haihitaji makazi 822 ya mfano. Inahitaji vyumba, vingi, vya bei ambayo kuli anaimudu, na wanaojua kuvijenga na kuvipangisha wapo tayari: ni wenye nyumba wenyewe. Mjane aliyerithi vyumba sita Madenge angeweza kuwa na kumi na mbili kwenye ghorofa moja ya juu, akabaki kwenye kiwanja chake na kubaki na wapangaji wake, kama kibali cha ujenzi kingekuwa na gharama inayolingana na nyumba yake na kama mhandisi wa jiji angemletea michoro michache iliyokaguliwa tayari, ya kiwanja kidogo. Leo machaguo yake ni mawili: aongeze banda lingine uani bila kibali, au ampe mwekezaji. La kwanza linajaza choo. La pili linahamisha kaya sita.

Na kibali hicho kiwe na sharti. Atakayejenga ghorofa Buguruni kwa ubia aonyeshe idadi ya vyumba vya kupanga vilivyokuwepo na idadi ya vitakavyokuwepo baada ya ujenzi, na wapangaji wa zamani wapewe nafasi ya kwanza. Mradi wa umma ukipita, fungu la mpangaji la kuhamia na kuanzia kodi mpya liwe ndani ya jedwali la fidia, lisiachiwe uungwana. Mifereji na mabomba ya majitaka yasanifiwe kwa idadi ya vichwa, kwani Mto Msimbazi haujui nani ana leseni ya makazi. Madiwani watasema haya yataongeza gharama. Ni kweli. Gharama hizo zipo hata sasa, zinalipwa kwa kipindupindu, kwa nauli na kwa watu kuanza maisha upya kila baada ya miaka miwili.

Mtu wa kuifanya kazi ya kuhesabu yupo. Mpangaji wa Buguruni, hata awe mgeni namna gani, atafika ofisi ya serikali ya mtaa siku moja: anataka barua ya utambulisho kwa ajili ya kitambulisho cha NIDA, ya kufungua akaunti, ya kumdhamini mwenzake polisi, ya kuomba mkopo wa ile asilimia kumi ya halmashauri. Jina lake linaandikwa, muhuri unapigwa, anaondoka, na maandishi yale hayafiki kamwe kwenye meza ya mipango miji. Wenyeviti waliochaguliwa Novemba 2024 wanaijua mitaa yao mlango kwa mlango, na wajumbe wanajua hata nani amehamia juzi.

Vikao vya kuandaa bajeti ya mwaka wa fedha unaoanza Julai huanza miezi mingi kabla. Barua hii inaomba mtaa mmoja, tuseme Madenge, uwekewe fungu dogo la kuhesabu vyumba vyake vyote: kodi ya kila chumba, idadi ya wanaolala humo, choo wanachotumia, kazi wanayokwenda asubuhi na wamekaa hapo kwa muda gani. Hakuna haja ya mkopo. Ni kazi ya mtendaji, wajumbe na wanafunzi wachache wa Chuo Kikuu Ardhi walio kwenye mafunzo ya vitendo. Majina yatunzwe kwa siri, jumla ibandikwe kwenye ubao wa ofisi ya mtaa, na mwenye chumba kilichorukwa apewe siku 30 za kuja kukidai.

Nakala kwa:
Ofisa Mtendaji wa Kata, Buguruni;
Wenyeviti wa Serikali za Mitaa, Malapa, Madenge na Kisiwani.